Jeni za Kinga na Udongo Mwekundu: Maswali na Majibu

Kwenye miinuko ya Ethiopia, Rwanda, Uganda na magharibi mwa Kenya wapo wakulima ambao miguu yao huvimba ikafanana na ya mgonjwa wa matende, ilhali mwilini mwao hamna minyoo ya matende. Ugonjwa huo unaitwa podokoniosisi. Huwapata watu wanaotembea peku miaka mingi juu ya udongo mwekundu wa volkano, na katika kijiji kimoja huandama baadhi ya koo na kuziacha nyingine. Mwaka 2012 watafiti waliowapima wagonjwa wa kusini mwa Ethiopia walipata sehemu ya sababu katika jeni za kinga ya mwili zinazojulikana kwa kifupi HLA. Jeni hizohizo zinatajwa katika kisukari cha utotoni, katika VVU, katika malaria na katika madhara ya dawa. Majibu yafuatayo yanaeleza zinachokiamua na zisichokiamua.

HLA ni nini, na zina kazi gani mwilini?

Ni kundi la jeni zilizo kwenye kromosomu ya 6, na kazi yake ni kutengeneza protini zinazokaa juu ya uso wa seli. Ya kwanza ilielezwa mwaka 1958 na daktari Mfaransa, Jean Dausset, aliyegundua kwamba wagonjwa waliowahi kuongezewa damu mara nyingi walikuwa na kingamwili zinazogandisha seli nyeupe za watu wengine, bila kuzigusa za kwao wenyewe. Kwa muda mrefu madaktari walizichukulia protini hizi kama kikwazo cha kupandikiza figo, kwa kuwa ndizo zinazoufanya mwili ukikatae kiungo cha mtu mwingine. Lakini maumbile hayakuziweka hapo kwa ajili ya kuwasumbua wapasuaji. Mwaka 1974 Rolf Zinkernagel na Peter Doherty, wakifanya kazi na panya mjini Canberra, walionyesha kwamba seli za kinga zinazoua hazimtambui adui akiwa peke yake. Zinamtambua pale tu kipande chake kinapokuwa kimeshikwa na protini ya kundi hili, tena protini ya mwili uleule.

Seli hufanya kama mwenye duka anayepanga sampuli za bidhaa kwenye meza ya nje, ili mpita njia ajue kilichomo ndani. Protini za HLA ndizo hiyo meza. Daraja la kwanza, yaani A, B na C, huonyesha vipande vya protini zilizotengenezwa ndani ya seli, vikiwemo vya virusi vilivyoivamia. Daraja la pili, yaani DR, DQ na DP, huonyesha vipande vya vitu vilivyotoka nje na kumezwa na seli. Kila mtu hupokea seti moja kwa baba na nyingine kwa mama, na ndiyo maana ndugu wawili wa tumbo moja wana nafasi moja kati ya nne ya kuwa na HLA zinazofanana kabisa.

Kwa nini binadamu wametofautiana sana katika jeni hizi?

Hakuna jeni zetu nyingine zilizo na sura nyingi kiasi hiki. Matoleo yaliyokwisha kusajiliwa duniani yanazidi 30,000, na kila toleo lina mfereji wenye umbo lake, unaokamata vipande fulani na kuviacha vingine. Maelezo yanayokubalika zaidi ni kwamba magonjwa ya kuambukiza ndiyo yaliyoulinda utofauti huu: kimelea kikijifunza kukwepa toleo lililoenea, wenye toleo adimu hupona na kuzaa.

Mfano unaotajwa sana unatoka Gambia. Mwaka 1991 Adrian Hill na wenzake waliripoti kwamba watoto wenye toleo la B53, ambalo ni la kawaida Afrika Magharibi na nadra Ulaya, walikuwa na hatari ya malaria kali iliyopungua kwa takriban asilimia 40. Haki inadai tuseme pia kwamba tafiti kubwa zaidi zilizofuata, zilizokusanya watoto wa nchi kadhaa za Afrika wakiwemo wa Kilifi nchini Kenya, hazikuipata alama ya HLA yenye nguvu inayokaribia ile ya selimundu. Wapo waliohitimisha kwamba habari ya Gambia ilikuwa bahati nasibu ya takwimu. Mimi naona hitimisho hilo limeharakishwa. Matoleo ya HLA hubadilika kutoka jamii hadi jamii, na vimelea vya malaria navyo hubadilika kutoka eneo hadi eneo, kwa hiyo ulinzi unaotegemea kukutana kwa viwili hivyo unaweza kufifia pindi takwimu za mahali pengi zinapochanganywa. Wanaopinga wana haki kwa jambo moja: matokeo ya nchi moja hayatoshi kutangaza kanuni ya bara zima.

Tuna uhakika gani kwamba jeni hizi zinahusika na podokoniosisi?

Wazo la kwamba udongo ndio chanzo lilijengwa na Ernest Price, daktari aliyefanya kazi Ethiopia. Alionyesha kwamba chembe ndogo za madini hupenya ngozi ya nyayo na kukaa katika njia za limfu za mguu. Hata hivyo udongo peke yake haukulieleza jambo moja. Majirani wanalima shamba lileile, wote peku, mmoja anavimba mguu na mwingine anazeeka na miguu mizima. Utafiti wa 2012 uliwalinganisha wagonjwa 194 na watu 203 wasiougua, wa eneo moja. Ulipopekua jeni zote, alama zilizojitokeza zilikuwa kwenye HLA za daraja la pili, na baadhi ya matoleo yalionekana kukaribia kuongeza hatari maradufu.

Idadi hiyo ya watu ni ndogo kwa utafiti wa aina hii, na msomaji makini atauliza kama inatosha. Nguvu ya matokeo ni kwamba yanaingiliana na mambo mawili yaliyojulikana kabla: ugonjwa kuandama koo, na ugonjwa kuanza mahali penye uvimbe unaoletwa na kinga yenyewe. Daraja la pili la HLA ndilo linaloonyesha vitu vilivyotoka nje ya seli. Kwa hiyo dhana kwamba seli za kinga za baadhi ya watu hupambana kwa ukali kupita kiasi na athari za madini hayo ina mantiki, ingawa hatua moja moja za mapambano hayo bado zinachunguzwa.

Ikiwa ugonjwa una mkono wa urithi, viatu vitasaidia nini?

Hapa ndipo fikra nyingi zinapopotea, na ndipo hoja yangu kuu ilipo. Tumezoea kuyagawa magonjwa mafungu mawili, ya kurithi na ya mazingira, kana kwamba fungu moja likiongezeka jingine linapungua. Jeni za HLA hazikubali mgawanyo huo. Toleo fulani la HLA ni protini yenye umbo fulani, na umbo hilo halina ubaya wala uzuri mpaka kitu kiingie katika mfereji wake. Hatari inazaliwa pale viwili vinapokutana. Ukikiondoa kimoja, cha pili kinabaki kimya.

Podokoniosisi inalithibitisha hili kwa historia. Ugonjwa huu uliwahi kuwepo Morocco, Algeria, Tunisia na Visiwa vya Canary. Ulitoweka huko baada ya watu kuzoea kuvaa viatu. Hakuna aliyebadilisha kromosomu ya 6 ya Wamorocco. Wajukuu wa wagonjwa wale wanaendelea kurithishana HLA zilezile, na miguu yao ni mizima kwa sababu nyayo zao hazigusani tena na udongo.

Uthibitisho huo unapatikana hata pasipo udongo wala viatu. Karibu wagonjwa wote wa seliaki, ugonjwa wa utumbo unaochochewa na gluteni ya ngano na shayiri, wana DQ2 au DQ8. Huko Ulaya matoleo hayo yanabebwa na takriban theluthi moja ya watu, lakini wanaougua ni kama asilimia moja tu, na mgonjwa akiacha gluteni utumbo wake hupona. B27, iliyohusishwa mwaka 1973 na ugonjwa unaokakamaza uti wa mgongo, hupatikana kwa wagonjwa Wazungu wapatao tisa kati ya kumi, lakini walio wengi sana kati ya wenye B27 hawatauugua maisha yao yote. Katika kisukari cha aina ya kwanza HLA ndiyo sehemu kubwa kuliko zote ya urithi, na bado pacha wa kufanana wa mgonjwa mara nyingi hubaki mzima.

Je, kuzungumzia jeni hakutawaongezea wagonjwa unyanyapaa?

Hofu hii ina msingi. Katika jamii nyingi za Ethiopia familia yenye mgonjwa wa podokoniosisi huepukwa katika ndoa, na ugonjwa huchukuliwa kuwa laana ya ukoo. Anayesikia kwamba wanasayansi wamepata jeni anaweza kudhani laana imepigwa muhuri na maabara. Jibu la kuficha habari silikubali, kwa sababu watu tayari wanaona kwa macho yao kwamba ugonjwa unaandama koo, na ukimya wa wataalamu huwaachia waganga wa laana nafasi ya kueleza. Kinachopaswa kufanywa ni kuieleza habari yote: kinachorithiwa ni wepesi wa mwili kuudhika na udongo, na binti wa mgonjwa anayevaa viatu tangu utotoni hana sababu ya kukataliwa na mchumba wala na wakwe.

Na kuhusu VVU, ni kweli kwamba kuna watu wenye HLA zinazowakinga?

Wapo ambao HLA zao huwasaidia kuvidhibiti virusi, na jambo hilo limethibitishwa vizuri kuliko karibu mengine yote katika uwanja huu. Matoleo ya B57, B27 na B*58:01 huonekana sana kwa watu wanaoishi na VVU miaka mingi bila kudhoofika hata kabla ya dawa. Kukingwa usiambukizwe ni suala jingine. Huko Pumwani, Nairobi, watafiti wa Kenya na Canada wamewafuatilia tangu miaka ya 1980 wanawake wanaofanya biashara ya ngono, na baadhi yao walibaki bila maambukizi licha ya kukutana na virusi mara kwa mara. Matoleo fulani ya HLA yalionekana zaidi kwao. Lakini baadaye wachache kati ya wanawake haohao waliambukizwa, hususan baada ya kupunguza au kusitisha kazi hiyo kwa muda. Kwa hiyo ulinzi wao haukuwa umeandikwa kwenye jeni peke yake.

Virusi navyo havikai vikisubiri. Utafiti uliochapishwa mwaka 2014 uliwalinganisha watu wa Durban, Afrika Kusini, na wa Botswana, ambako janga lilianza mapema zaidi. Ulinzi wa B57 na B*58:01 ulioonekana Durban haukuonekana Botswana, kwa sababu huko virusi vilikwisha kubadilika na kuzoea kuyakwepa matoleo hayo. Toleo lilelile la jeni, bara moja, ugonjwa mmoja, na matokeo mawili.

Basi kupima HLA kuna faida gani kwa mgonjwa wa kawaida?

Mtu anaweza kunigeuzia hoja yangu na kusema: kama jeni haina maana bila kichochezi, kipimo ni kupoteza fedha. Ningekubali kwa magonjwa mengi. Nakataa pale kichochezi kinapokuwa dawa, maana daktari ndiye anayekishika mkononi. Abacavir, dawa ya VVU, husababisha mzio mkali unaoweza kuua kwa baadhi ya wenye B*57:01, kwa kuwa dawa hujipachika ndani ya mfereji wa protini hiyo na kubadilisha vipande inavyovionyesha. Jaribio lililochapishwa mwaka 2008, lenye wagonjwa karibu 2,000, lilionyesha kwamba kuwapima kwanza kuliondoa kabisa mzio uliothibitishwa kwa vipimo vya kinga, wakati kundi ambalo halikupimwa lilipata asilimia 2.7. Tazama tena: B*57:01 ni mojawapo ya matoleo ya kundi la B57 lililosifiwa katika jibu lililotangulia, na hapa linaleta hatari mbele ya dawa. B*58:01 nayo, rafiki wa mgonjwa wa VVU huko Durban, humweka mgonjwa wa jongo katika hatari ya ngozi kubabuka vibaya akipewa allopurinol.

Wengine husema B*57:01 ni jambo la Wazungu, Waafrika wasijali. Neno Waafrika ni pana mno kwa kazi hii. Makadirio yaliyochapishwa mwaka 2010 yaliiweka alama inayoandamana nayo kwenye karibu asilimia 14 kwa Wamaasai wa Kenya, karibu asilimia 3 kwa Waluhya, na sifuri kwa Wayoruba wa Nigeria. Alama hiyo si jeni yenyewe, kwa hiyo namba hizo zinahitaji kuhakikiwa kwa kupima moja kwa moja. Lakini zinatosha kuonyesha kwamba takwimu ya jamii moja ya Kiafrika haiwezi kuisemea nyingine.

Ushauri wangu kwa msomaji ni huu. Usilipie kipimo cha jumla cha HLA kwa nia ya kujua utakufa na nini, hakitakuambia. Kipimo kina thamani kabla ya kupandikizwa kiungo, kabla ya dawa chache zinazojulikana, na pale daktari anapotaka kuondoa shaka ya seliaki. Ukianzishiwa abacavir au allopurinol kisha ukapata homa, vipele au vidonda mdomoni, rudi hospitali siku hiyohiyo. Na kwa wanaoishi kwenye udongo mwekundu wa miinuko, pamoja na wale wanaopanga bajeti za afya za wilaya zao: miguu ioshwe kwa maji na sabuni kila siku, aliyeanza kuvimba asikatwe matibabu kwa kisingizio cha ukoo, na watoto wote wavalishwe viatu vya kufunika mguu kabla hawajaanza kwenda shamba.