Hesabu ya Maji Yaliyochafuka

Wanafunzi wameniuliza kwa nini hesabu haiwezi kutuambia kila tone la maporomoko litaangukia wapi. Swali ni zuri, nalo linatuhusu sana sisi wa Nyololo.

Niliposema "yaliyochafuka" sikukusudia maji machafu, bali kama bahari ichafukavyo. Tazameni moshi wa kijinga mahali pasipo upepo: hupanda kwanza kama uzi, kisha ghafula hujikunjakunja. Mwaka 1883, mjini Manchester, Osborne Reynolds alipitisha maji na uzi wa rangi katika bomba la kioo. Zidisha mwendo kwa upana wa bomba, ugawe kwa mnato wa maji. Jibu likiwa chini ya 2,000 hivi, maji hutulia. Likizidi sana, huchafuka. Chukueni kijito chenye kina cha nusu meta (kina kishike nafasi ya upana), kiendacho meta 1 kwa sekunde. Mnato wa maji, kwa vipimo hivyo, ni 0.000001. Jibu ni 500,000!

Kanuni za mwendo huo tunazo tangu Navier (1822) na Stokes (1845). Shida ni wingi wa kazi. Ndani ya mizunguko mikubwa ya maji mna midogo, na ndani ya midogo mna mingine, hata iliyo midogo kuliko chembe ya mchanga. Kompyuta hugawa maji katika vyumba vidogo vidogo na kuhesabu kila kimoja. Kwa hoja za Kolmogorov za 1941, kipande cha kijito chetu cha nusu meta kila upande chataka vyumba zaidi ya trilioni 6. Kwa hiyo wahandisi huhesabu wastani, na mizunguko midogo huikadiria tu.

Kwa umeme wastani watosha. Mto Kihansi hushuka kutoka nyanda zetu hizi kwenda bonde la Kilombero, na kituo chake, kilichokamilika mwaka 2000, kina uwezo wa megawati 180. Lakini kando ya maporomoko yale aliishi chura mdogo, aliyegunduliwa mwaka 1996, ambaye uhai wake ulitegemea manyunyu, na manyunyu ni mtoto wa msukosuko. Maji yalipopelekwa kwenye mitambo, manyunyu yakapungua mno. Mabomba ya kunyunyizia yaliwekwa, na vyura wengine wakapelekwa Marekani. Ugonjwa wa ukungu nao ukaingia. Mwaka 2009 ilitangazwa kwamba porini hayupo tena. Tangu 2012 waliozaliwa utunzwani wamekuwa wakirudishwa bondeni.

Zoezi: bomba lina upana wa sentimeta 2, na maji yanakwenda sentimeta 5 kwa sekunde. Je, yametulia au yamechafuka?