ROŞIA MONTANĂ: WATU WALIO JUU YA DHAHABU

Katika somo la Jiografia tunafunzwa kwamba madini huleta ajira, barabara na pesa za kigeni. Sikatai. Lakini je, madini yakishachimbwa, wenyeji hubaki na nini? Twende pamoja hadi Roşia Montană, nchini Romania, tukajionee.

Roşia Montană ni komuna, yaani vijiji vya mashambani vilivyo chini ya meya mmoja na baraza lililochaguliwa na wenyeji. Vijiji vyake ni 16. Iko katika jimbo la Alba, kwenye milima ya Apuseni, eneo la Transylvania. Kuna mabonde membamba, misitu na malisho, na majira ya baridi theluji hufunika kila kitu. Pia kuna maziwa madogo milimani. Usidhani ni ya asili! Yalitengenezwa na watu ili maji yaendeshe vinu vya kuponda mawe yenye dhahabu.

Warumi waliiteka nchi hiyo, wakati huo ikiitwa Dacia, mwaka 106. Wakaleta wachimbaji stadi kutoka Dalmatia, na mahali hapo pakaitwa Alburnus Maior. Njia walizochonga ndani ya milima zina urefu wa zaidi ya kilomita 7. Tena waliandika mikataba yao kwenye vibao vya mbao vilivyopakwa nta, wakavificha migodini. Kibao kimoja ni cha Februari 6, mwaka 131. Kingine chaeleza jinsi chama cha kuzikana kilivyovunjwa mwaka 167, kwa kuwa wanachama walikuwa 54 wakabaki 17 tu! Wahenga walinena kuwa mali bila daftari huisha bila habari. Hapa dhahabu ilikwenda zake Roma, daftari likabaki.

Baadaye, chini ya wafalme wa Austria, walichimba Waromania, Wahangaria na Wajerumani. Ndiyo sababu pahali padogo hivi pana makanisa ya Waorthodoksi, Wakatoliki, Wakalvini na Waunitari.

Sasa tufike kwenye kiini cha mambo. Mwaka 2006 mgodi wa serikali ulifungwa na watu wakakosa kazi. Kampuni ya Kanada, Gabriel Resources, ilikuwa na mpango wa kuchimbua vilima vinne na kutenganisha dhahabu na mawe kwa sumu ya sianidi. Maji machafu yangejaza bonde zima la Corna. Wengine walikubali, wakauza nyumba zao na kuhama. Usiwalaumu, mtu ana watoto wa kulisha. Wengine walikataa katakata. Hawakuwa wamesahau Baia Mare, huko huko Romania, ambako Januari 2000 ukingo wa bwawa la mgodi ulipasuka, sianidi ikaingia mitoni na kuua samaki hadi Hungaria. Majirani waliozikana miaka nenda miaka rudi wakagawanyika.

Mwaka 2013 maelfu ya watu waliandamana Bucharest na miji mingine, na bunge likaukataa mswada wa mgodi huo. Mwaka 2021 UNESCO iliiweka Roşia Montană katika orodha ya urithi wa dunia. Kampuni ilidai fidia, lakini madai yake yakatupiliwa mbali Machi 2024.

Je, wenyeji wameshinda? Mimi naona wameshinda nusu. Milima imesalia na maji ni salama kutokana na mpango ule, lakini waliohama walishahama, na urithi wa dunia peke yake haujazi sufuria. Kijana wa huko bado anahitaji kazi.

Kwa hivyo, ndugu msomaji, ukisikia mahali popote pamegunduliwa madini, usikimbilie kupiga makofi. Uliza kwanza: kazi hiyo ni ya miaka mingapi? Sumu itawekwa wapi? Na daftari liko mkononi mwa nani? Dhahabu huchimbwa mara moja, lakini mlima ukiachwa hulisha ng'ombe kila mwaka.

Alamsiki.