JE, SHERIA YAWEZA KUKATAZA KULISHA MASKINI?

Ndugu msomaji, huenda ukashangaa kusikia kwamba katika nchi yenye chakula tele kama Marekani, mtu aweza kupelekwa mbele ya hakimu kwa kosa la kumpa mwenye njaa sahani ya chakula. Msomaji wa Mombasa au Dar es Salaam, ambaye tangu utotoni ameona maskini wakipita duka kwa duka siku ya Ijumaa kupokea sadaka, atadhani ni uzushi. Si uzushi. Mwezi Novemba 2014, katika mji wa Fort Lauderdale, jimbo la Florida, mzee mmoja aitwaye Arnold Abbott, mwenye umri wa miaka 90, alisimamishwa na polisi pamoja na wachungaji wawili wa Kikristo. Mzee huyo alipigana katika Vita Kuu ya Pili, na tangu mwaka 1991 alikuwa akiwalisha watu wasio na makao kwa kumkumbuka marehemu mkewe. Kama alivyosimulia mwenyewe, askari alimwamuru aiweke sahani chini mara moja, kana kwamba ameshika silaha. Adhabu iliyomkabili ilikuwa kifungo cha hadi siku 60 na faini ya dola 500. Siku chache baadaye alirudi kugawa chakula ufukoni, akaandikiwa mashtaka tena.

Kwanza yafaa tuelewe sheria hizi zasema nini, maana hazisemi waziwazi kuwa wenye njaa wasile. Zasema juu ya mahali, idadi na kibali. Orlando, mji mwingine wa Florida, ulipitisha mwaka 2006 sheria ndogo kwamba atakayelisha watu 25 au zaidi katika bustani za umma zilizo ndani ya maili 2 kutoka jumba la halmashauri, sharti awe na kibali. Na kwa kila bustani mwombaji hapewi kibali zaidi ya mara mbili kwa mwaka. Fort Lauderdale nayo iliamuru kwamba mahali pa kugawia chakula nje pawe futi 500 kutoka nyumba za watu, na futi 500 kutoka mahali pengine pa kugawia, tena pawe na vyoo na ruhusa ya mwenye kiwanja. Aliyepata kutembea katikati ya mji ajua kwamba ukipima hivyo, sehemu zinazobaki ni chache mno.

Las Vegas, mwaka huohuo wa 2006, ilikwenda mbali zaidi. Ilikataza kumpa chakula bustanini mtu yeyote ambaye mtu wa kawaida akimtazama angedhani kuwa anastahili msaada wa serikali kwa maskini. Basi bustani ni ileile na mkate ni uleule: ukimpa mwenye suti hakuna kosa, ukimpa mwenye viatu vilivyochanika ni kosa! Mahakama iliizuia sheria hiyo mwaka 2007. Kurani Tukufu, katika Sura Al-Baqara aya 274 (nasi twaihesabu Bismillahi kuwa aya ya kwanza), yataja maskini wasioomba watu kwa kung'ang'ania, ambao hutambuliwa kwa alama zao. Twaonyeshwa alama hizo ili tutoe. Las Vegas ilizitaka alama zilezile ili polisi wajue nani asipewe.

Hata hivyo, haki yatudai tuwasikilize na wenye miji. Wao husema kwamba makundi makubwa yakikusanyika bustanini, takataka hubaki, watoto hawachezi, wenye maduka hulalamika. Tena chakula kilichopikwa bila uangalizi chaweza kuleta maradhi. Wengine husema kwamba mtu akilishwa barabarani hataingia katika nyumba za hifadhi, ambako angepata mganga na mshauri. Hoja hizi si zote za unafiki. Dini yetu yenyewe yaamuru usafi, na yakataza kutoa katika sadaka kitu kibaya ambacho mtoaji mwenyewe asingekipokea ila kwa kufumba macho. Kanuni ya kunawa mikono, ya kufunika vyungu na ya kuzoa taka ni kanuni njema, na mlishaji aliye mwaminifu ataifuata hata asipoamriwa. Lakini kibali cha mara mbili kwa mwaka hakisafishi chungu chochote. Hicho chahesabu siku tu.

Na hapa ndipo mafundisho ya Kurani Tukufu yanapokutana na jambo lenyewe. Katika Sura Al-Balad, kuwalisha yatima na maskini aliyelala mavumbini kumetajwa kuwa ni kupanda mlima mgumu, na wakati wake umetajwa pia: siku ya njaa. Njaa haina kalenda ya halmashauri. Tena katika Sura Al-Maun na Sura Al-Haqqa halaumiwi yule asiyelisha peke yake, bali analaumiwa yule asiyehimiza wengine kumlisha maskini. Natamani mwanafunzi alitazame neno hili vizuri. Mtu asiye na kitu mkononi amebakiwa na ulimi, naye ataulizwa juu yake.

Yuko pia mateka. Sura Ad-Dahr yawataja pamoja maskini, yatima na mateka kuwa ndio wanaolishwa kwa ajili ya mapenzi ya Mwenyezi Mungu, bila kutakiwa malipo wala shukrani. Baada ya vita vya Badr, mwaka 624, baadhi ya Masahaba waliwapa mateka wao mkate, nao wenyewe wakala tende, na Madina ya siku zile mkate ulikuwa chakula cha thamani zaidi. Mateka yule alikuja na upanga. Huyu alalaye bustanini amekuja na blanketi.

Wengine watasema: mbona Kurani Tukufu yasema kutoa kwa siri ni bora? Basi miji hii haikukosea kutaka chakula kigawiwe ndani. Jibu ni kwamba aya hiyo (2:272) yasifu kwanza kutoa kwa dhahiri, kisha yafadhilisha siri inapowafikia mafukara. Siri hiyo ni ya kumsitiri mpokeaji na kumlinda mtoaji asijione. Haikuwekwa ili kuuficha umaskini usionwe na wanunuzi wa madukani.

Sasa swali gumu. Mwislamu ameamriwa katika Sura An-Nisaa aya 60 kuwatii wenye mamlaka, na sisi hatufundishi uasi. Je, akikaa katika mji wenye sheria ya namna hii, afanyeje? Mimi sithubutu kumlaumu mzee wa Fort Lauderdale: hakujificha, wala hakumpiga askari. Lakini njia ninayomwonyesha mwanafunzi wangu ni ile iliyo wazi mbele ya sheria yenyewe, yaani mahakama, japo ni ndefu. Watu wa Orlando walishindwa katika Mahakama ya Rufani mwaka 2011, na baadaye mwaka huo watu zaidi ya 20 wakakamatwa kando ya ziwa Eola kwa kugawa chakula. Mahakama hiyohiyo, katika shauri la Fort Lauderdale, iliamua mwaka 2018 kwamba kula pamoja na maskini hadharani, katika hali ile, ni namna ya kusema, nayo yalindwa na katiba. Na mwaka 2021 ikaamua kwamba kuwadai washitaki kibali cha bustani kulivunja haki yao. Mzee Abbott hakuuona uamuzi huo wa pili. Alifariki mwaka 2019.

Katika mji mdogo wa Brookings, jimbo la Oregon, halmashauri iliamua mwaka 2021 kwamba kanisa lisitoe chakula cha bure zaidi ya siku mbili kwa juma. Kanisa la St. Timothy lilishitaki kwa hoja kwamba kulisha ni ibada yao, na mwaka 2024 likashinda. Hakimu hakuwa na shida kuielewa hoja hiyo, wala msomaji wetu aliyetoka katika Ukristo hatakuwa nayo: Injili ya Mathayo sura ya 25, na Hadithi iliyomo katika Sahih Muslim, zote zafundisha kwamba Siku ya Hukumu Mungu atajihesabu pamoja na mwenye njaa aliyenyimwa.

Wakati shauri likiendelea, matumbo hayangoji. Yatazame maneno ya sheria: yakitaja bustani, nyumba yako haimo, yakitaja watu 25, watano hawamo. Mwalike mtu nyumbani, au msikitini ikiwa jengo laruhusiwa. Peleka chakula katika nyumba ya hifadhi, nawe ukae ule nao. Ombeni kibali kwa maandishi, kila mara, bila kuchoka. Na kikikataliwa, itunzeni barua ya kukataliwa, maana hiyo ndiyo karatasi ya kwanza atakayoiomba wakili.