Kinga ya kijicho katika Roma ya kale

Swali: Kwa nini Warumi wa kale waliweka sanamu za uume hadharani?

Jibu: Sanamu hizo, zilizoitwa fascinum, zilikuwa hasa kinga ya kijicho. Iliaminika kwamba husuda hupenya kwa macho, na kwamba kitu cha kushangaza au cha kuchekesha huvuta jicho la hasidi kabla halijadhuru. Ndiyo maana hirizi za shaba za umbo hilo, nyingine zikiwa na mabawa na kengele, zilitundikwa nyumbani, na watoto walivishwa ndogo. Mwandishi Mrumi Pliny, aliyefariki mwaka 79 mlima Vesuvius ulipolipuka, aliandika kwamba kinga hiyo ilining'inizwa chini ya gari la jemadari mshindi, na kwamba iliabudiwa na mabikira wa Vesta, yaani makuhani wa kike wa mungu wa meko. Jambo hilo ni zito: wanawake walioapa kutojamiiana ndio walioihudumia.

Wanaodai kila umbo la aina hiyo katika mji wa kale wa Pompeii lilielekeza kwenye danguro wanakosea. Moja lilikuwa juu ya tanuri la mikate, pamoja na maandishi ya kutangaza heri. Vitu vingi vya namna hiyo vilifungiwa katika chumba cha siri cha makumbusho ya Napoli, kilichofunguliwa kwa umma mwaka 2000.