Titanic kwa HDR: vidokezo vya kuuona usiku ule sawasawa

Filamu ya James Cameron ya mwaka 1997 ilitoka upya kwenye diski za 4K mwaka 2023, ikiwa na HDR, yaani picha yenye nafasi pana zaidi kati ya weusi na mwanga. Wengi hudhani HDR ni kuongeza mwangaza tu. Kwa filamu hii, raha kubwa iko gizani.

1. Hakikisha HDR imewaka. Filamu ikianza, TV nyingi huonyesha alama ya HDR au Dolby Vision (aina mojawapo ya HDR) kwenye kona. Usipoiona, ingia kwenye mipangilio. Baadhi ya TV hazipokei HDR mpaka uiruhusu kwenye tundu la HDMI unalotumia.

2. Zima taa ya sebuleni. Meli ilizama usiku wa kuamkia 15 Aprili 1912, na hapakuwa na mwezi. Balbu ikiakisi kwenye kioo, bahari nyeusi inageuka kijivu.

3. Chagua modi ya sinema na uzime kipengele cha kulainisha mwendo.

4. Sasa fuatilia taa za meli. Picha ya kawaida huandaliwa kwa kilele cha niti 100 hivi (niti ni kipimo cha mwangaza). Ya HDR hufika niti 1,000 na zaidi. Ndiyo maana roketi ya kuomba msaada ikipasuka angani inakushtua kweli, kisha giza linarudi na meli inaonekana ndogo mno. Tazama pia madirisha yanavyozama safu kwa safu yakiwa bado yanawaka chini ya maji: unaona dirisha moja moja badala ya mabaka meupe. Taa hizo ziliendelea kuwaka hadi dakika chache kabla ya meli kuzama saa 8:20 usiku kwa sababu wahandisi walibaki kwenye mitambo. Hakuna hata mmoja wao aliyepona. Ukilijua hilo, taa zinapofifia na kuzimika zinauma zaidi.

5. Taa zikishazimika, usikimbilie rimoti. Ofisa Harold Lowe anaporudi na boti kutafuta walio hai, mwanga wa tochi unapita juu ya nyuso zilizoganda, barafu kwenye nywele. Ukipandisha mwangaza, maji yanapauka na ule upweke wa tochi unapotea.

6. Kama hata tochi huioni vizuri, tatizo ni TV. Zipo nyingi za bei nafuu zinazopokea HDR bila kuwa na nguvu ya kuionyesha. Kwa hizo, toleo la kawaida litakupa picha bora.