Faini ya Dereva Siyo Fidia Yako
Hapa Mchikichini, bodaboda ikigonga mtu, nasikia: "Dereva keshalipa faini, yameisha." Hayajaisha, ndugu zangu. Faini ni ya serikali. Fidia ya mguu wako ni dai lingine kabisa.

Wengine hudhani hulipwi bila bima kubwa. Siyo kweli. Hata bima ndogo, ambayo sheria inalazimisha kila chombo cha moto barabarani kuwa nayo, ipo kwa ajili ya mtu wa tatu, yaani wewe uliyeumizwa.

Kwa hiyo chukua PF3 polisi, piga picha namba ya chombo, tunza risiti za hospitali. Usikimbilie kusaini "tumemalizana" kwa elfu hamsini. Na usilale: muda wa kufungua kesi ya madhara ni miaka 3 tu.