Bongo: Kutoka Kichwani Hadi Kwenye Ramani

Kaa kwenye kimbweta chochote hapa chuoni nusu saa tu, utalisikia neno hili likibebeshwa mizigo mitano na hakuna anayelalamika. Mmoja kakesha na madesa, anasema, "Leo bongo zangu haziko sawa." Mwenzake anamjibu, "Bongo pagumu mwanangu, komaa." Wa tatu anasimulia habari za binamu yake aliyerudi Bongo kutoka Sauzi. Wa nne anataka iwekwe Bongo kwenye spika, amechoka na ngoma za Wanaijeria. Wa tano anaangalia chaja iliyofungwa solotepu sehemu tatu, anacheka: "Hii mmetengeneza kibongobongo."

Wote wanaelewana. Ukiulizwa kwenye mtihani wanaelewana vipi, utajibu "muktadha" na utapewa maksi zako mbili. Sawa, lakini kuna kitu kinachoonekana kwa macho kuliko muktadha, nacho ni upatanisho wa kisarufi. Tuanzie hapo, maana ndipo neno hili linapojieleza lenyewe.

Ubongo ni nomino ya ngeli ya U-ZI, kundi moja na ufunguo na ufagio. Toa u- ya mwanzo unapata wingi: funguo, fagio, bongo. Kwa hiyo anayesema "bongo zangu" hajakosea chochote, hata mwalimu mkali wa sarufi atampitisha. Na ule msemo wa "chemsha bongo" tuliokutana nao shule ya msingi ni Kiswahili sanifu kabisa. Ila kuna wanaosema "bongo langu limeganda". Hao wamelihamishia kwenye ngeli ya LI-YA, mahali ambapo Kiswahili hupeleka vitu kikitaka kuvikuza: mbuzi akawa buzi, kikapu kikawa kapu, ubongo ukawa bongo. Huo si wingi tena. Ni ubongo mmoja uliotanuka, wenye misuli.

Halafu sikiliza hii: "Bongo imebadilika." Upatanisho ni i-, sawasawa na "Tanzania imebadilika". Hapo ni nchi. Na "Bongo pagumu" au "Bongo kumekucha" imechukua pa- na ku-, yaani tunazungumzia mahali. Mtu wa hapo ni Mbongo, wakiwa wengi ni Wabongo, na namna yao ya kufanya mambo ni kibongo. Mzizi mmoja umetembea ngeli kibao bila kupotea njia, na aliyezaliwa Mbagala hajawahi kufundishwa hata mstari mmoja wa jinsi ya kufanya hivyo. Wale wanaosema lugha ya mitaani haina sarufi nawaachia hiyo wakae nayo.

Swali gumu zaidi ni kwa nini mji uitwe kwa jina la kiungo cha ndani ya fuvu. Maelezo yanayokubalika na wengi ni mafupi: ukitaka kuishi Dar es Salaam lazima uwe na bongo. Mji ukapewa jina la kifaa unachohitaji ili uweze kukaa ndani yake. Ni kama wavuvi wangeamua kuliita Ziwa Victoria "Nyavu". Bongo ya kwanza ilikuwa Dar, nchi ilifuata baadaye.

Maelezo hayo yanasemwa haraka haraka na kila mtu, kwa hiyo tumezoea kuyaona kama utani. Lakini weka tarehe pembeni yake. Mwaka 1977 Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika. Mwishoni mwa 1978 tukaingia vitani na Idi Amin, na vita ile ililiwa na hazina yetu wenyewe. Bei ya mafuta ikapanda. Kufika mwanzoni mwa miaka ya 80 sukari, sabuni na unga vilikuwa vitu vya foleni, na mshahara wa mtumishi wa serikali haukufika mwisho wa mwezi. Watu wenye vyeti vyao wakafuga kuku na ng'ombe uani, wake zao wakakaanga maandazi na vitumbua, na neno "mradi" likatoka ofisini likahamia jikoni. Maneno mengi ya mtaani tunayoyatumia leo yana harufu ya miaka hiyo. Daladala, kwa mfano, inahusishwa na sarafu ya shilingi 5 iliyoitwa dala, ambayo ndiyo ilikuwa nauli ya mabasi ya watu binafsi yaliyoziba pengo la mabasi ya serikali.

Mwaka 1983 yalitokea mawili. Kulikuwa na msako wa wahujumu uchumi chini ya Waziri Mkuu Edward Sokoine, huo wazee wetu wanausimulia mpaka leo. La pili linasahaulika: Sheria ya Nguvukazi. Aliyekutwa mjini bila kazi inayotambulika angeweza kukamatwa na kurudishwa kijijini akalime. Fikiria sasa kijana anayeuza karanga Kariakoo, hana kitambulisho cha kazi. Kwake bongo ilikuwa uwezo wa kueleza, papo hapo, unaishi mjini kwa kitu gani. Ukishindwa kujieleza, unapakiwa kwenye gari.

Ndiyo maana nasema neno hili lilizaliwa na sura mbili. Lina sifa ndani yake: sisi tunaoishi hapa tuna akili. Na lina malalamiko ndani yake: kwa nini kuishi tu kudai akili nyingi hivi? Mtu anaposhuka Mbezi stendi, akaibiwa simu kabla hajavuka barabara, halafu akaambiwa "Hii ndiyo Bongo, bwana", anapokea vyote viwili kwa mkupuo.

Hapa nipite haraka kwenye asili za uongo, maana zipo. Wageni wengi wakisikia Bongo Flava wanadhani ni muziki wa ngoma zile ndogo pacha zinazopigwa kwa vidole, bongo za Kuba. Hazihusiki. Kuna mnyama anaitwa bongo pia, swala mkubwa mwenye mistari meupe, anayepatikana hata kwenye misitu ya Aberdare na Mlima Kenya. Naye hahusiki. Omar Bongo aliyetawala Gabon kuanzia 1967 hadi alipofariki 2009 alikuwa na jina lake tu. Mazda Bongo ni gari. Maneno kufanana sura hakuyafanyi kuwa ndugu, na hili ni kosa la kwanza ambalo mtu anayechunguza asili ya maneno anapaswa kujikinga nalo.

Turudi nyumbani. Bongo ilitokaje Dar ikaimeza nchi nzima? Jibu langu ni umbali. Ukiwa Temeke, Bongo ni Dar na Mpanda ni Mpanda. Ukiwa London unapeleleza nauli ya kurudi, tofauti hiyo haina maana tena, kote ni Bongo. Watanzania walioko nje walikuwa na ramani yao nzima ya majina ya utani: Ulaya ni mamtoni au majuu, Marekani ni Unyamwezini, Uingereza ni Ukerewe, Afrika Kusini ni Sauzi. Nchi yao wenyewe ilihitaji jina kwenye ramani hiyo, na lile la mji mkubwa lilikuwa tayari mdomoni. Mwaka 2003 Josiah Kibira, Mtanzania anayeishi Minnesota, alitoa filamu kuhusu maisha ya mhamiaji kule Marekani, akaiita Bongoland. Angeiita Tanzania ingekuwa filamu ya utalii.

Na muziki ukasukuma. Redio binafsi ziliporuhusiwa mwanzoni mwa miaka ya 90, vijana wakapata pa kusikika nje ya Radio Tanzania. Mtangazaji Mike Mhagama wa Radio One ndiye anayetajwa kuwa wa kwanza kutamka "Bongo Flava" hewani, mwaka 1996, ili kuitenga miziki ya nyumbani na ile ya Wamarekani iliyokuwa imejaa kwenye vipindi. Filamu nazo zikaja kuitwa Bongo Movie. Kuanzia hapo neno likavuka mipaka likiwa limevaa suti. Mkenya au Mrundi anayependa nyimbo za hapa anaijua Bongo kama ladha, wala hajui kama kuna foleni ya sukari nyuma yake. Hata mdogo wangu wa kidato cha pili ukimtajia Bongo anafikiria wimbo kwanza, kichwa baadaye.

Majirani zetu wa Kenya lakini hawakuacha kuchokoza. Kwenye mizozo ya mitandaoni wametutengenezea "Bongolala", na lazima nikiri kwamba ni kazi nzuri ya lugha: wamelirudisha neno kichwani lilikotoka, kisha wakalilaza. Tusi lile lisingeuma kama maana ya kwanza ingekuwa imekufa.

Kibongobongo nayo inataka dakika yake. Kiswahili kinapolirudia neno mara nyingi kinalipunguzia uzito, kama maji na majimaji. Kibongo ni namna ya Wabongo. Kibongobongo ni namna ya Wabongo iliyopunguzwa makali, ya kuungaunga, ya "ilimradi imewaka". Ila sikiliza sentensi hii ya mtaani: "Kibongobongo, hiyo laki nne si mbaya." Hapo halidharau kitu, linaweka kipimo. Anayesema ana mizani mbili mfukoni, ya dunia na ya hapa, na anakuomba utumie ya hapa. Mimi hiyo sentensi hunihuzunisha kidogo.

Sasa nifike kwenye jambo linalonifanya niandike makala hii badala ya kusomea jaribio la saikolojia ya elimu. Kila mwaka wa mwisho unapokaribia, anakuja mgeni kwenye kongamano fulani la vijana, anashika maikrofoni na kutuambia tutumie bongo zetu, tujiajiri. Tunapiga makofi. Rudia kile kipimo cha sarufi tulichoanza nacho. Kwenye "Bongo pagumu" kiini cha sentensi ni mahali, na ugumu umewekwa hapo mahali. Kwenye "tumia bongo zako" mahali pametoweka, amebaki mtu mmoja na kichwa chake. Neno ni lilelile, lakini mzigo umehama kutoka kwenye nchi ukakaa kwenye mabega ya mhitimu. Asipofanikiwa, jibu limeshaandaliwa ndani ya ushauri: hakutumia bongo.

Wengi tunaosoma ualimu tunawafahamu waliotutangulia, wamemaliza miaka kadhaa sasa na bado wanasubiri ajira. Mmoja anaendesha bodaboda asubuhi na kufundisha tuisheni jioni, mwingine anauza viatu vya mtumba kwenye WhatsApp na kumtumia mteja picha kwa Kiingereza kilichonyooka. Hao wanatumia bongo kutwa kucha. Wakati huohuo kuna shule za vijijini ambako mwalimu mmoja wa hesabu anazunguka madarasa manne. Ukimwambia mtu wa namna hiyo atumie bongo, umelichukua neno ambalo wanyonge walijisifu nalo, ukalifanya fimbo ya kuwachapia.

Sisemi watu waache kulitumia. Naomba tu tusikilize nani anamwambia nani. Muuza karanga akimwambia muuza karanga mwenzake "hapa ni bongo tu", ni heshima. Likitoka jukwaani kushuka chini, lina kazi nyingine.

Kwa wenzangu wa elimu ya lugha, hili ni neno zuri mno la kuingia nalo darasani. Mada ya misimu ipo sekondari, na vitabu vinaigawa katika misimu ya pekee, ya kitarafa na zagao. Tukifundisha tunakariri mifano ileile. Bongo imepitia ngazi zote tatu: ya watu wachache wa mjini, ikawa ya jiji, ikawa ya nchi na majirani. Vitabu vinasema pia kwamba misimu huzuka na kutoweka, na kweli "ngangari" ya mwaka 2000 ukiitamka leo wanafunzi watakuuliza ni kitu gani. Bongo imekataa kutoweka. Mwaka 2006 Uta Reuster-Jahn na Roland Kießling walichapisha utafiti juu ya lugha ya mitaani ya Tanzania pamoja na kamusi ya maneno na semi 1100. Ipitie uone ni mangapi wewe mwenyewe bado unayatumia, utashangaa yaliyokufa. Kwa nini hili limebaki? Nadhani ni kwa sababu sababu yake imebaki.

Kama unaenda TP mwaka huu na umepangiwa Kiswahili kidato cha kwanza au cha pili, jaribu hivi. Andika ubaoni: "Bongo zimechoka. Bongo limechoka. Bongo imechoka. Bongo pamechoka." Usieleze kitu. Waulize nani amechoka katika kila sentensi, wape dakika kumi wabishane wawili wawili, kisha waambie kila mmoja aandike sentensi ya tano ya kwake. Watakaoandika "Wabongo wamechoka" wape alama zote.